Radhi kwa Jumla

Majengo, Mombasa
18 Januari 1967

Kwa Bwana Shamsudin bin Akil, Ndia Kuu.

Assalamu alaykum. Baada ya salamu, sina haja ya kukujulia hali, maana jana nilipita mbele ya duka lako nikakuona umenawiri, umekaa kitini na kahawa yako, na sufuria la halwa nililolikoroga miaka sita linakorogwa na mtu mwingine.

Nakukumbusha jambo moja. Mwezi wa Novemba hakimu alisoma hukumu mbele yako na mbele yangu. Alisema unilipe mishahara yangu ya miezi tisa, shilingi elfu moja mia sita na ishirini, na pesa hizo uzipeleke kortini kabla ya kwisha tarehe 31 Januari. Ulitikisa kichwa. Nilidhani unakubali, kumbe ulikuwa ukifukuza nzi.

Leo nimesikia msikitini kuwa wewe na Bi Alawiya mmekata tiketi za meli ya mahujaji, na mwezi ujao mnakwenda Jeddah. Mtu asiyekuwa na pesa za kumlipa mpishi wake amepata wapi nauli? Usinijibu. Najua amezipata wapi.

Wewe ndiwe uliyeniambia, "Kamaludin, pesa ukipeleka nyumbani zaliwa. Ziwate kwangu, siku ya kuezeka utazitwaa zote kwa mara moja." Nikaziacha, mwezi baada ya mwezi, wewe ukiandika katika daftari lako na mimi nikisimamisha kuta. Kuta zimesimama tangu Juni, hazina paa. Ni udongo na mawe, na masika yakizikuta wazi zitakuwa tope. Mimi, Mwanatumu na watoto watatu tumo katika chumba kimoja kwa shemeji yangu Jaffar, ambaye sasa ameanza kutazama kila kikombe cha chai tunachokunywa.

Mvua zinaanza mwisho wa Machi. Wakati huo wewe utakuwa Makka. Nilipe kabla hujapanda meli.

Kamaludin bin Taib


Ndia Kuu
21 Januari 1967

Kamaludin,

Wa alaykum salaam. Waraka wako umenifika wakati duka limejaa wateja, na nimeusoma hivyo hivyo nimesimama, sikuona sababu ya kuukalia kitako.

Miaka sita umekula kwangu. Siku ya harusi yako nilitoa masinia mawili ya halwa, sikukutoza hata senti. Mwanao wa pili alipougua, daktari alilipwa na nani? Ulipotaka haki yako, mlango wangu waujua. Ungekuja na wazee wawili tukakaa, tukanywa kahawa, tukamaliza. Wewe ukaazima koti ukaenda kunishitaki kama mwizi wa kuku. Nikasimamishwa mbele ya wachukuzi na walevi waliokuwa wakingojea zamu zao, mimi mjukuu wa mtu aliyeuza halwa mtaa huu kabla ya reli kuja. Karani akaniuliza jina langu mara tatu, na mara zote tatu akaliandika makosa.

Pesa nilizitumia, sikatai. Sukari ilipanda, samli ikapanda, na duka haliendeshwi kwa dua. Ungesubiri zingerudi. Lakini kwa kuwa umependa kunivua nguo hadharani, basi subiri zaidi. Nikirudi kutoka Makka, inshallah, nitakuita na nitakulipa kwa hiari yangu. Amri ya korti ile mimi haininyimi usingizi.

Ama paa, ezeka makuti. Baba yako alikufa chini ya makuti na sikusikia kuwa alilowa.

Shamsudin bin Akil


Majengo
5 Februari 1967

Bwana Shamsudin,

Salamu za leo zichukue kwa wengine.

Tarehe 31 nilikwenda kortini tangu asubuhi, nikakaa juu ya benchi mpaka walipofunga milango. Hukuja wala hukutuma mtu. Hakimu akatoa samansi: ufike mwenyewe Jumatatu tarehe 13, ueleze kwa nini usifungwe kwa kuidharau amri ya korti.

Jana Barnabas Kaingu, mjumbe wa korti, alikuletea samansi hiyo. Amekuja mwenyewe kunihadithia, na alikuwa bado ametaharuki. Anasema ulimngojesha juani saa nzima. Kisha ukaipokea karatasi, ukaisoma, ukatwaa kisu ukakata ratili ya halwa, ukaifungia ndani ya samansi ile ile yenye muhuri, ukamrudishia mbele ya wateja. "Mpelekee hakimu wako. Mwambie n'halwa ya Ndia Kuu, ale apoe moyo." Na watu wakacheka.

Basi Barnabas aliipeleka. Yule kazi yake ni kupeleka, hajui kingine. Karani ameitia pamoja na karatasi za kesi yangu, na leo kesi yangu inanuka iliki na inafuatwa na sisimizi. Mimi pia nilicheka nilipoambiwa, nisikufiche. Kisha nikaingia chumbani nikamkuta Mwanatumu amewalaza watoto kwa mzunguko, kichwa cha huyu na miguu ya huyu, ndipo watoshee mkekani, na kicheko kikanikauka.

Barnabas anasema halwa ilinata kwenye karatasi hata muhuri haukuonekana. Huyo mpishi wako mpya anaepua mapema. Halwa iliyoiva hainati, inaachia. Miaka sita nilikueleza hilo.

Nenda Jumatatu. Sikwambii kwa kukupenda. Nataka pesa zangu, sitaki ufungwe, maana ukifungwa mimi sitaezeka nyumba kwa kufuli la jela.

Kamaludin bin Taib


Ndia Kuu
11 Februari 1967

Ndugu yangu Kamaludin,

Assalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Naandika waraka huu nikiwa na furaha, na wewe pia ufurahi, maana mimi na wewe tumemaliza.

Jana baada ya sala ya Ijumaa nilisimama kuwaaga waumini, kama ilivyo ada ya kila anayekwenda kuhiji. Uliniona na ulinisikia. Nilisema, "Ndugu zangu, naelekea kwa Mola wangu. Niliyemsengenya, niliyemdhulumu, yeyote mwenye haki yake kwangu, nawaomba mniwie radhi." Msikiti mzima ukajibu, "Tumekusamehe." Wewe ulikuwa safu ya tatu, karibu na Sheikh Abdulghafur. Nilikuwa nikikutazama wewe kuliko wote. Midomo yako ilifunguka, na sauti yako naijua hata ikiwa katikati ya mia mbili.

Kwa hivyo deni limekufa. Umelifuta mwenyewe, kwa ulimi wako, ndani ya nyumba ya Mwenyezi Mungu, mchana, mbele ya mashahidi ambao hakuna korti itakayopata walio bora kuliko wao. Nimekwisha kumwandikia hakimu hivyo, na Jumatatu sitakwenda, kwa kuwa hakuna tena cha kujibu.

Nakushukuru. Sikutegemea kwako moyo mkubwa namna hiyo. Nitakapofika mbele ya Al-Kaaba nitakuombea upate paa.

Ndugu yako,
Shamsudin bin Akil


Majengo
12 Februari 1967

Bwana Shamsudin,

Usiniite ndugu.

Nilisema. Sitakataa, sikuzaliwa kusema uongo wa msikitini. Nilisema "tumekusamehe" kama walivyosema wote, kama mtu aitikiavyo amina. Nani atanyamaza wakati mwenzake anaaga kwenda kuhiji? Na nitakwambia zaidi, ili ujue ulichokikanyaga. Nilipoona machozi yanakutoka, moyo wangu ulilainika. Nilisema nafsini mwangu, leo bwana huyu ataniita. Nilipotoka nilisimama penye viatu nikakungoja. Ukaja, ukavaa vyako, ukanipita kama unapita nguzo.

Jana usiku baada ya kuusoma waraka wako sikulala. Alfajiri nilimwendea Sheikh Abdulghafur nikamuuliza kama nimejidhulumu kwa kinywa changu. Akaniuliza, "Deni lako alilitaja?" Nikasema hakulitaja. "Alikutaja wewe?" Nikasema hata mimi hakunitaja. Akasema radhi ile inafuta masengenyo na maneno mabaya. Deni lina mwenyewe na lina kiasi, na anayetaka kusamehewa humwendea mwenyewe akalitamka. Ukitaka, nenda kamuulize, anakaa hatua chache kutoka kwako.

Basi sikiliza. Uliponiita mkoroga sufuria mbele ya watu, nimekusamehe. Ulichosema juu ya baba yangu, hicho pia nimekusamehe ingawa kilinichoma, na nikisha kusamehe sirudi nyuma. Mishahara yangu hukuniomba, na mimi sikukupa.

Kesho nitakuwa kortini. Njoo.

Kamaludin bin Taib


Mahabusu
16 Februari 1967

Kamaludin,

Karatasi hii ameniletea mke wangu chini ya sahani ya wali. Tazama ulikonifikisha.

Wamekuja kunichukua Jumanne, askari wawili na yule Kaingu wako, saa ya wateja, Ndia Kuu yote ikiwa milangoni. Nimepitishwa kwa miguu. Wanawake madirishani walikuwa wakiulizana ni nani, na wengine wakijibu. Hakimu aliitoa ile samansi yenye samli akaishika kwa ncha ya vidole, akaniuliza kama naijua. Nikasema naijua. Akanipa siku kumi na nne kwa kuidharau korti yake, isipokuwa kama nitaleta pesa zote na kumtaka radhi mbele ya watu. Meli inaondoka Jumanne ijayo. Hesabu mwenyewe.

Nimeambiwa kuwa Jumatatu hakimu alikuuliza kama ulinisamehe, na wewe ukajibu, "Nilimsamehe matusi." Umejifunza lini ujanja huo wa mawakili?

Nenda kamwambie ulichosema msikitini, neno lile lile, bila kulikatakata. Anakusikiliza wewe kuliko mimi. Usipokwenda, na meli ikaniacha, basi ujue umemzuia mtu na nguzo ya dini yake, nami nitakudai mbele ya Mungu. Nimekwisha kuaga mji mzima. Naweza vipi kuonekana tena njiani baada ya kuaga? Watanicheka mpaka nife.

Huku kuna mtu anaimba tangu jana na hakuna anayemnyamazisha. Mimi sikuzoea mambo haya.

Shamsudin


Majengo
17 Februari 1967

Bwana Shamsudin,

Waraka wako nimeusoma mara mbili, mara ya pili kwa sauti, ili Mwanatumu asikie. Nilidhani atasema uoze huko huko. Akaniambia, "Bwana yule yuwaogopa." Nami nikaona ni kweli.

Kwa hivyo nakupa njia, na sitakupa nyingine.

Uliomba radhi kwa watu mia mbili kwa pumzi moja. Sasa niombe mimi, peke yangu. Andika hivi: "Kamaludin bin Taib, uliweka kwangu mishahara yako ya miezi tisa, nikaitumia, nikakata nayo tiketi ya meli. Nisamehe." Utie jina lako, umpe Bi Alawiya aniletee. Siombi pesa. Nikiupata waraka huo kesho, kesho hiyo hiyo nitakwenda kwa hakimu nimwombe akutoe, nimwambie pesa utanilipa ukirudi. Kuta nitazifunika kwa majamvi na magunia, na zikianguka nitazijenga upya. Wallahi nitafanya hivyo. Mwanatumu ni shahidi, na amelia kwa hasira niliposema, lakini hakunikataza.

Ni mistari mitatu. Umeniandikia mirefu zaidi ya kunitukana.

Kamaludin bin Taib


Ndia Kuu
20 Februari 1967

Kamaludin,

Pesa zako ziko kortini, zote, tangu asubuhi. Nenda ukazichukue. Kule nimesema "samahani, mheshimiwa," naye akaridhika, hakunitungia mistari ya kuandika kama mtoto wa chuo cha Kurani.

Kwako sina cha kuomba. Ulitaka nipige magoti mbele ya mtu niliyemtoa kwenye kupasua kuni nikamfundisha kushika mwiko. Hilo hukulipata na hutalipata. Ulichokuwa ukikidai umelipwa, kwa hivyo usinijie tena na maneno ya radhi, wala usikae mlangoni mwa msikiti ukinitazama viatu.

Kesho nasafiri. Nasafiri peke yangu. Alawiya ameshikwa na homa kwa ghafla na hataweza safari ya bahari. Mimi nimeshaaga watu, siwezi kubaki.

Ezeka nyumba yako. Tia mabati mapya, yang'are, kila apitaye ajue kwamba umemfunga bwana wako.

Shamsudin bin Akil


Majengo
9 Machi 1967

Kwa Bi Alawiya, Ndia Kuu. Kwa mkono wa Mwanatumu.

Assalamu alaykum, Bi Alawiya. Shikamoo, ingawa sijui kama ni adabu mimi kukuandikia wakati bwana hayupo. Ndiyo maana waraka huu anakuletea mke wangu, naye anayajua yaliyomo.

Paa limekwisha tangu Jumamosi. Siku hiyo mafundi walipigilia mpaka magharibi, na usiku ule tulihamia kabla ya mlango kutiwa. Tulimshukuru Mungu sana, ila hatukujua ni nani mwingine wa kumshukuru. Hilo ndilo linaloniandikisha.

Juzi Mwanatumu alikuja kukutazama na uji wa mtama, kwa kuwa tulisikia una homa wiki ya tatu. Anasema alikukuta uani umebeba gunia la sukari begani, peke yako, unalipeleka ghalani. Ulipomwona ukalitua, ukajilaza kitandani barazani, ukajivuta kanga mpaka puani, ukaanza kukohoa. Kwa adabu aliuweka uji akaondoka. Lakini alipofika nyumbani aliniuliza ni homa gani hiyo inayomwacha mtu na nguvu za hamali.

Bi Alawiya, mimi nilikuwa nikigombana na mumeo, sikuwa nikigombana nawe. Niambie ukweli. Pesa nilizozichukua kortini zilikuwa za nani?

Wako katika heshima,
Kamaludin bin Taib


Ndia Kuu
11 Machi 1967

Kamaludin,

Marahaba. Mwambie Mwanatumu uji niliunywa wote, na kikohozi kile kilinitia aibu mimi kuliko yeye.

Zilikuwa nauli yangu. Tiketi yake yeye aliikata kwa pesa ulizoweka kwake. Yangu niliikata kwa bangili za marehemu mama yangu, niliziuza mwenyewe, kwa mkono wangu. Nilipompelekea chakula kule mahabusu nilimwomba aandike ule waraka uliotaka. Nilimwambia, "Ni maneno matatu, Shamsudin, andika tukapande meli." Akasema afadhali nirudishe tiketi yangu, pesa zipelekwe kortini, na mimi nitakwenda mwaka mwingine. Nikamuuliza, kwa nini isirudishwe yako? Akasema yeye ameshaaga watu.

Mimi pia nilikuwa nimeshaaga. Nilipita nyumba kwa nyumba, Ndia Kuu mpaka Biashara Street, nikakumbatiwa na nikaliliwa. Lakini kuaga kwa wanawake hakuhesabiwi. Ikabidi niwe mgonjwa. Wiki tatu sasa nakaa ndani mchana kutwa, nikisikia hodi najilaza, na duka limefungwa kwa sababu mpishi wake mpya aliondoka siku alipoona bwana amechukuliwa na askari.

Usiniletee pesa, wala usiguse bati hata moja. Ile miezi tisa na mimi niliila, wali na nyama, sikuuliza vimetoka wapi. Mshahara ni wako na umelipwa. Nauli yangu ni neno jingine na ina mdaiwa mwingine.

Nataka kukuuliza mambo mawili. La kwanza, utakubali kurudi kwenye sufuria, mimi nikikulipa kila Alhamisi mkononi? La pili, ukiulizwa na mtu mwenye haki ya kukuuliza, utasema yale uliyoyajua?

Kuanzia kesho mimi nimepona.

Alawiya


Ndia Kuu, Mombasa
30 Machi 1967

Kwa Bwana Shamsudin bin Akil, kwa mkono wa wakala wa mahujaji, Jeddah.

Assalamu alaykum. Hija imekwisha, na waliotangulia kuandika wanasema uko salama na umenyoa kichwa. Mwenyezi Mungu ndiye apokeaye, mimi sina la kusema juu ya hilo.

Huku mvua zimeanza. Duka nimelifungua tangu tarehe 12. Nimekaa kwenye kiti chako na buibui langu, na siku ya kwanza watu walisimama nje wakitazama kana kwamba nimefufuka. Waliniuliza homa imekwenda wapi. Niliwaambia sikuwa na homa. Waliniuliza kwa nini basi sikusafiri, nikawaambia hilo pia, kwa kila aliyeuliza, kwa jina lako na kwa kiasi chake. Haikuchukua siku tatu. Halwa inauzwa vizuri, kwani Kamaludin amerudi, na hainati.

Sasa nina jambo la siku uliyoondoka, ambalo sikupata kukwambia. Ulikuja barazani mbele ya majirani, mimi nimelazwa na kanga mpaka puani kama ulivyotaka, ukaniomba radhi kwa sauti ili wasikie. Mama wa jirani akajibu, "Amekusamehe, maskini, hawezi kusema." Wote wakaitikia. Ukashuka ngazi umetua moyo. Mimi nilikuwa naweza kusema, Shamsudin. Nilikuwa na nguvu zangu zote. Nilinyamaza kwa sababu sikuwa nimekusamehe, na wewe hukuinama kutazama uso wangu.

Miaka kumi na tisa nimekuwa mke wako, na sikuwahi kukunyanyulia sauti. Nilikuogopa, kisha nikakuonea haya, na siku ulipochagua kuniacha mimi badala ya kuandika mistari mitatu, nilikuchukia. Nakuandikia hivyo waziwazi, usije ukasema hukuambiwa.

Wiki iliyopita nilikwenda kortini. Kamaludin alinionyesha mlango, na Mwanatumu alinishika mkono kwenye ngazi. Karani aliniuliza jina langu mara moja tu. Nimekushitaki nauli yangu. Risiti ya bangili ninayo, na shahidi wangu wa kwanza ni mpishi wako.

Meli yako yatarajiwa mwisho wa Aprili. Kesi ni Jumatatu tarehe 8 Mei, saa tatu asubuhi. Nguo zako nimezifunga, ziko kwa dada yako, mlango huu nimebadilisha kufuli. Ukishuka meli wataanza kukuita Hajji. Wewe hesabu siku, kisha uje ulipe.

Alawiya binti Salim